Jukwaa, Runinga na Filamu: Namna ya Kuishi kwa Uigizaji Nairobi

Nairobi haina kazi ya kutosha ya aina moja ya uigizaji ya kumlisha mtu mwaka mzima. Tamthilia ya runinga hurekodiwa miezi kadhaa, kisha husimama kusubiri msimu mwingine. Mchezo wa jukwaani hufanyiwa mazoezi mwezi mzima na kuonyeshwa wikendi moja au mbili, basi. Filamu huja kwa kudra. Tangazo la biashara hulipa vyema, lakini uso ulioonekana sana katika tangazo moja hukaa kitambo kabla ya kuitwa kwa jingine. Wanaodumu ni wale wanaohama: Alhamisi jioni wako mazoezini mjini, Ijumaa alfajiri wako kwenye seti mtaani Karen, na Jumamosi saa tisa alasiri wanapanda jukwaani. John Sibi-Okumu amepita jukwaani, kwenye habari za runinga na kwenye filamu. Lupita Nyong'o, aliyeshinda Oscar mwaka 2014, alicheza Juliet jukwaani hapa Nairobi na kundi la Phoenix Players akiwa na umri wa miaka 14.

Kuhama huku hakuhitaji vipaji vitatu. Hisia ni ile ile. Kinachobadilika ni kipimo chake. Sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu kipimo hicho, na sehemu ya mwisho inahusu karatasi na pesa, ambako waigizaji wazuri hupotelea.

Anzia jukwaani

Unaweza kuanzia kwingine, lakini jukwaa ndilo linalofunza haraka. Jukwaani hakuna teki ya pili, yaani nafasi ya kurekodi tena, na mchezo mmoja unaurudia mbele ya hadhira tofauti mara nne, tano au sita, kwa hivyo kosa la Ijumaa unalirekebisha Jumamosi. Kenya National Theatre, iliyofunguliwa mwaka 1952 kwenye barabara ya Harry Thuku mkabala na hoteli ya Norfolk, bado ndiyo kitovu. Alliance Française katikati ya jiji huwa na maonyesho mengi pia. Nenda ukatazame kwanza. Chagua makundi mawili ambayo kazi yao unaipenda kwa dhati, kisha mwishoni mwa onyesho mtafute msimamizi wa jukwaa. Usimfuate mwigizaji mkuu. Yeye wakati huo anapongezwa na jamaa zake. Uliza mazoezi yanafanyika wapi na saa ngapi, na kama wanahitaji mtu wa kusaidia na maleba au vifaa. Makundi mengi hufanya mazoezi jioni za siku za kazi, na mtu aliyekuwepo kila jioni akishika skripti na kuwakumbusha wenzake maneno ndiye huitwa mwigizaji fulani akiugua.

Njia nyingine ya kuingia ni makundi yanayozunguka shuleni na michezo ya vitabu vya fasihi vinavyotahiniwa katika KCSE. Kazi hii hunoga muhula wa kwanza na wa pili, kisha hupungua mtihani ukikaribia. Ni kazi ngumu: maonyesho mawili au matatu kwa siku, ukumbi wenye mwangwi, hakuna maikrofoni, na mamia ya wanafunzi wanaokijua kitabu kuliko wewe. Ukiruka sentensi watakusahihisha kwa sauti. Mwaka mmoja wa kazi hii hukupa mapafu na kumbukumbu ambavyo darasa halitakupa.

Maneno yana kichwa na mkia

Kiswahili kina mitego ambayo vitabu vya uigizaji vilivyoandikwa kwa lugha nyingine havikuonyi. Maana ya kitenzi chetu imekaa kwenye ncha zake mbili: kichwani kuna nafsi na ukanushi, mkiani kuna mnyambuliko. Mkazo nao huangukia silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hivyo silabi ya mwisho hufifia, hasa pumzi ikikaribia kuisha. Ukimeza mkia wa "alipigwa", mtu wa safu ya nyuma amesikia "alipiga", na aliyeumizwa amekuwa mchokozi. Ukianza sentensi bila pumzi, "hatakuja" inakuwa "atakuja". Hadhira haitakuambia, itakunja uso tu na kuacha kufuata hadithi.

Zoezi lake ni dakika kumi kila siku. Andika sentensi kumi zenye vitenzi vinavyofanana: amemwandika, amemwandikia, ameandikiwa, hajaandikiwa. Mwombe mwenzako asimame hatua kumi kutoka ulipo akiwa amekupa mgongo. Zisome kwa mnong'ono wenye nguvu, bila sauti ya koo, naye aandike alichosikia. Linganisheni. Palipokosewa, rudia huku ukikokota silabi ya mwisho, kisha punguza ukokotaji hadi usikike wa kawaida. Ukieleweka kwa mnong'ono, ukumbi wowote ni wako.

Kwa pumzi, lala chali na kitabu tumboni. Vuta hewa kwa hesabu ya nne kitabu kikipanda, kisha itoe kwa mlio wa "sss" kwa hesabu ya kumi na mbili. Ongeza hesabu mbili kila wiki hadi ishirini. Kifua kikipanda badala ya tumbo, unavuta hewa juu juu na sauti itakuuma koo kufikia onyesho la pili.

Lafudhi nayo ni chombo cha kazi. Soma aya tatu za Taifa Leo kwa sauti, jirekodi kwa simu, kisha sikiliza jozi zinazowasumbua watu wa bara: r na l, dh na z, th na s, gh na g, na ile n inayojipenyeza kabla ya d tukasema "ndunia". Lengo ni kuweza kuchagua. Lafudhi ya nyumbani usiitupe, maana siku moja mwelekezi ataitaka. Uhusika wa mtu wa Mombasa au Lamu usiuige kwa kukumbuka vichekesho vya redio. Mtafute mzaliwa wa huko akurekodie maneno yako yote, uyasikilize hadi mdundo uingie. Sheng nayo: ya mtaa wa Umoja si ya mtaa wa Kawangware, na ya mwaka juzi si ya leo. Ukikutana na neno lililochakaa kwenye skripti, mwombe mwelekezi ruhusa ya kulibadilisha kabla ya teki ya kwanza. Likishakubaliwa, libaki hilo hilo katika teki zote.

Kutoka jukwaani kwenda mbele ya kamera

Kosa la kwanza la mtu wa jukwaani ni ukubwa. Jukwaani ishara huanzia begani. Picha ikikukata kiunoni, ianzie kwenye kiwiko. Picha ya karibu inaishia kidevuni, na hapo kila kitu huanzia machoni. Kwa hivyo kabla ya kila mpangilio mpya wa kamera, muulize mwendesha kamera kwa upole: "Umenikata wapi?" Jibu lake ndilo kipimo chako. Hakuna atakayeona swali hilo kuwa la kishamba.

Sauti iwe ya kumfikia mwenzako aliye mbele yako, si safu ya nyuma. Lakini lazima ufanye mazoezi kwa sauti ile ile utakayotumia, kwa sababu fundi wa sauti hupima wakati huo. Ukinong'ona mazoezini kisha ukafoka kwenye teki, sauti itapasuka na teki nzuri kuliko zote itatupwa. Maikrofoni ndogo ya kifuani hunasa pia msuguano wa nailoni, shanga na bangili; ziondoe mapema au umweleze mtu wa maleba. Usijipige kifuani unapoomboleza. Na katika picha ya karibu usimkatize mwenzako hata kama skripti inasema mnagombana: mhariri anahitaji sauti ya kila mmoja ikiwa safi ndipo aweze kuzipandisha mwenyewe baadaye.

Utaonyeshwa alama ya tepe sakafuni ambako unapaswa kusimama, nawe huruhusiwi kuitazama. Simama juu ya alama, tembea kinyumenyume hadi unapoanzia huku ukihesabu hatua, kisha anza kwa mguu ule ule kila mara. Ukiikosa alama kwa shibiri mbili, uso wako utatoka kwenye mwanga au picha itakuwa na ukungu. Unapomtazama mwenzako kwa karibu, chagua jicho lake moja, lile lililo upande wa kamera. Kuhamisha macho kutoka jicho la kushoto kwenda la kulia hakuonekani jukwaani, lakini kwenye picha ya karibu kunamfanya mtu aonekane mwongo.

Kisha kuna mwendelezo. Onyesho moja hurudiwa kutoka pembe kadhaa, na kikombe ulichokiinua kwenye neno "mama" katika teki ya kwanza lazima kiinuliwe kwenye neno hilo hilo katika teki ya nane. Andika kwa penseli kwenye skripti yako: mkono gani, neno gani. Teki ya kwanza usiijaze vitendo vingi, maana utavirudia vyote. Ukiwa unakula ugali kwenye onyesho, chukua tonge dogo na ulimeze kabla ya mstari wako. Aliyeanza kwa kushindilia mdomo hujuta saa sita baadaye akiwa bado anatafuna.

Maonyesho hayarekodiwi kwa mpangilio wa hadithi. Asubuhi unazika, jioni unaposwa. Tengeneza jedwali la ukurasa mmoja: namba ya onyesho, ni siku gani katika hadithi, kilichotokea dakika moja kabla, ninataka nini, mwili uko vipi (nimelala? nimetembea juani?), na nimevaa nini. Kwenye filamu mtarekodi kurasa tatu hadi tano za skripti kwa siku. Kwenye tamthilia ya runinga huenda zikazidi kumi, na teki ni mbili au tatu tu. Maana yake ni kwamba kwenye runinga ukifika hujakariri, huna pa kujificha.

Nairobi huongeza lake. Seti nyingi ni nyumba za kukodi. Ukiwa Lang'ata au South C, ndege za uwanja wa Wilson zitakatiza kila baada ya muda mfupi; kwingine ni jenereta ya jirani au mvua kwenye mabati. Teki ikisimamishwa, wengi hutoa simu. Usitoe. Baki ulivyokaa, pumua taratibu, rudia kimoyomoyo sentensi iliyotangulia yako. Hisia iliyojengwa kwa nusu saa huvunjwa na ujumbe mmoja wa WhatsApp.

Kutoka kwenye kamera kwenda jukwaani

Waliolelewa na runinga huumia kwingine. Jumamosi na Jumapili huwa na maonyesho mawili kila siku, aghalabu saa tisa alasiri na saa kumi na mbili unusu jioni, na sauti yao huondoka Jumamosi usiku. Huigiza kwa uso peke yake, huipa hadhira mgongo, na huiacha sentensi ife mwishoni. Dawa ni mazoezi ya pumzi tuliyoyataja, na kanuni moja: wazo lote lifike kwenye kituo kikubwa kabla hujageuka wala kutembea.

Vicheko navyo vinataka kusomwa. Kicheko hupanda, hufika kilele, kisha hushuka. Sema mstari unaofuata kinaposhuka nusu. Ukiwahi, hawatasikia, ukingoja kiishe kabisa, mchezo unapoa. Na ukirudi mbele ya kamera, liondoe pengo hilo, kwa sababu hakuna anayecheka kwenye seti na ukimya wako utaonekana kama umesahau.

Kofi ni mfano mzuri wa tofauti hizi. Jukwaani, anayepigwa hukaa akiwa amewapa watazamaji mgongo, mkono wa mpigaji hupita mbele ya uso wake kwa umbali wa shibiri moja, na anayepigwa mwenyewe hupiga kofi dogo kifuani ili sauti itoke. Mbele ya kamera, pembe ndiyo inayoficha umbali na sauti huongezwa na mhariri, kwa hivyo kazi yako ni kichwa kugeuka kwa wakati. Kote kuwili, aliyepigwa ndiye anayeongoza: macho yakutane kwanza, atoe ishara, ndipo mkono utoke. Mwelekezi akisema "mpige kweli tu, mara moja", kataa. Teki ya kwanza haiwi ya mwisho. Na maonyesho ya faragha yaelezwe kwa maandishi kabla ya siku ya kurekodi: nini kitaonekana, nani atakuwepo chumbani, na kwamba hakitaongezwa chochote hapo hapo.

Usaili

Siku hizi usaili wa kwanza mara nyingi ni video unayojirekodi. Simu inatosha. Ilaze mlalo, tumia kamera ya nyuma kwa sababu ndiyo yenye picha bora, iweke kwenye usawa wa macho juu ya rundo la vitabu ikiwa huna stendi. Ukuta uwe mtupu, usio mweupe pe wala wenye maua. Simama ukielekea dirisha ili mwanga ukupige usoni. Dirisha likiwa nyuma yako utakuwa kivuli. Picha ikukate kifuani. Anayekusomea maneno ya mwenzako asimame ubavuni pa kamera, asome kwa sauti ya chini kuliko yako, na wewe umtazame yeye wala si lenzi. Mwanzoni, ukitazama lenzi, sema jina, urefu na mji ulipo. Faili ipe jina lako na jina la uhusika. Itume kwa kiungo cha Google Drive kilichofunguliwa kwa yeyote mwenye kiungo. WhatsApp huifinya video hadi macho yasionekane, na hayo ndiyo wanayotafuta.

Tuma teki mbili zinazotofautiana kweli, kama umeruhusiwa. Onyesha katika ya pili kwamba unaweza kubadilika. Uwe pia na monolojia tatu tayari wakati wote: ya Kiswahili sanifu, ya Kiingereza, na ya Sheng au lugha ya mama, kila moja dakika moja na nusu.

Mtu akikudai ada ya usajili, ya fomu au ya "kukuhifadhia nafasi" ili ufanyiwe usaili, hakuna kazi hapo. Usaili wa kweli haulipishwi. Akikuita peke yako usiku kwenye chumba cha hoteli au nyumba ya mtu, usiende. Na hata ule wa mchana, mwambie mtu mahali unapoenda.

Kazi za kuziba mapengo

Kutia sauti tamthilia za kigeni kwa Kiswahili ni kazi ya studio inayolingana vyema na mazoezi ya jioni. Ugumu wake ni kwamba sentensi ya Kiswahili mara nyingi huwa ndefu kuliko mdomo unaouona. Hesabu silabi, omba ruhusa ya kupunguza maneno, na ulinganishe kwanza herufi zinazofunga midomo, yaani m, b na p; nyingine mtazamaji atakusamehe. Kuna pia michezo ya redio na maigizo ya uhamasishaji ya mashirika.

Mkataba, kisha pesa

Usikanyage seti bila karatasi. Ikiwa hawana mkataba, andika barua pepe yenye siku za kazi, saa, malipo, na tarehe ya kulipwa, uwaombe wajibu "tumekubali". Katika mkataba wa runinga na filamu tafuta mambo haya: siku moja ni saa ngapi (kumi na mbili ni kawaida) na za ziada hulipwaje, nani analipia usafiri mkimaliza usiku, siku ya kupima maleba inalipwa au la, na nini hutokea siku ikiahirishwa ilhali umeshakataa kazi nyingine.

Kwenye tangazo, siku ya kurekodi ni sehemu ndogo ya thamani. Unachouza hasa ni matumizi ya uso wako. Mkataba useme ni kwa muda gani, katika nchi zipi, na kwenye nini: runinga, intaneti, mabango. "Milele, kote duniani, kwa njia zote" ikibadilishwa kuwa "mwaka mmoja, Kenya, runinga na intaneti", wakitaka kuendelea watakulipa upya. Angalia kifungu cha upekee: ukitangaza sabuni moja huenda umejifungia sabuni zote kwa muda huo, nao ufungaji huo una bei. Uliza pia malipo yatafika lini. Ya matangazo hupitia wakala na huweza kuchukua miezi miwili au mitatu, kwa hivyo kodi ya nyumba usiitegemeze hapo. Wakala wako akichukua asilimia, mwandikishane kama ni kabla au baada ya makato ya kodi ya mapato.

Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji kuwa na haki zake kama mtendaji, mbali na za mwenye filamu. PRISK, chama kinachosimamia haki za watendaji, husajili waigizaji pamoja na wanamuziki. Jisajili na uorodheshe kila kazi uliyoonekana. Kenya Actors Guild ndiko pa kupeleka mkataba unaokutatiza kabla hujautia sahihi, si baadaye.

Upande wa KRA, mamlaka ya kodi, malipo ya mwigizaji mkazi hukatwa asilimia 5 kabla hayajakufikia. Kwa kazi ya shilingi 40,000, utapokea 38,000. Zile 2,000 hazijapotea: ni kodi uliyolipa mapema, nazo hupunguzwa kwenye hesabu yako ya mwaka mradi kampuni imeziwasilisha kwa PIN yako. Kwa hivyo mwezi baada ya kulipwa ingia iTax, tovuti ya KRA, uangalie kama cheti cha makato kipo. Kama hakipo, wadai upesi, maana kampuni nyingi za utayarishaji huundwa kwa mradi mmoja na kuvunjwa. Tangu 2024 watakuomba ankara ya eTIMS, mfumo wa KRA wa ankara za kielektroniki, kwa hivyo jisajili kabla ya kazi ya kwanza. Wengi hucheleweshewa malipo kwa wiki nzima kwa sababu ya ankara tu. Ripoti ya mwaka huwasilishwa KRA kufikia tarehe 30 Juni, na kuchelewa hutozwa faini ya shilingi 2,000 au asilimia 5 ya kodi, ipi iliyo kubwa. Lipa na SHA, bima ya afya ya taifa, ya mwaka mzima siku unapopata malipo makubwa, kabla pesa hazijayeyuka: jukwaa lina ngazi na nyaya za umeme, na makundi mengi hayana bima.

Weka kila cheti, mkataba na ankara kwenye bahasha moja ya mwaka huo, na picha zake kwenye simu. Msimu wa pili wa tamthilia ukitangazwa, mkataba wa msimu wa kwanza ndio utakaouweka mezani unapoanza kujadili bei.